Mhariri, huyo mke si mwizi, alikuwa akimuuzia mumewe mahamri

Kwako Mhariri,

Assalaam aleykum. Mimi ni mama wa hapa Mji wa Kale, si mtu wa kuandika kwa magazeti, hata hili gazeti lenyewe huazima kwa jirani wa chini akishamaliza kurasa za mpira. Lakini wiki ilopita mlichapisha barua ya ndugu mmoja wa Kisauni, analia ati wanawake wa Mombasa siku hizi wamezidi ujanja, wana vyama vya siri, wana laini mbili za simu, wanaweka pesa kwa majirani, na ati mke anaemficha mumewe hata shilingi mia ni mwizi uliemuweka ndani mwenyewe. Maneno matamu hayo, barazani watayapigia makofi. Mimi nataka kumuuliza kitu kimoja, huyo mke alianza kuficha lini, na nani alomfundisha? Manake hakuna mtoto anaetoka tumboni akificha.

Sasa mimi nina kisa, na mwenyewe ameniruhusu nikitoe bora nisitaje jina lake wala la bwanake. Mtaa pia sitautaja, ukijua umejua.

Shoga yangu huyu aliolewa bado mbichi, matokeo ya fomu foo hata hayajatoka. Bwanake ana duka la hadwea, misumari, rangi, mapaipu, mabati, biashara nzuri tu alhamdulillah. Tena ni mtu wa watu. Ukimkuta barazani utampenda, stori nyingi, mkono wazi, kahawa ya wote analipia yeye, mtu akifiwa yeye ndio wa kwanza kutoa pesa ya sanda. Ndani ya nyumba ni mwengine kabisa. Nyumba ya watu sita, mume, mke na watoto wanne, akiwacha shilingi 200 juu ya friji kila siku ya Mungu, na ilikuwa ni hizo hizo 200 tangu watoto hawajafika wanne. Nyote mwakumbuka 2022 pakiti ya unga wa sima ya kilo mbili ilivyopita 200, mpaka serikali Julai ikatangaza iuzwe 100, na ukienda dukani kuuliza ya 100 waambiwa haijafika. Basi hata mwaka huo friji ilikuwa na mia mbili. Akiambiwa bwana hazitoshi, jibu lake ni moja, "mamangu alitulea kwa ishirini." Kisha anarudi usiku saa tano ameshiba biriani ya watu, anafunua sufuria, anauliza mbona hakuna kitoweo.

Na ingekuwa ni pesa tu mtu angesema ni ubahili, wako mabahili wanaopenda wake zao. Huyu alikuwa haoni kama kuna mtu. Anaingia hasalimu, anatoka haagi. Simu ya mke anaikagua meseji moja moja halafu anaitupa kitandani, hajamuuliza hata umeshindaje. Homa ikimshika mke, wa kumpeleka kwa daktari ni mimi. Iddi moja alimletea pea ya leso, tukafurahi sote, kufungua kumbe jina la leso ni la kumsuta mke mwenza, alichukua tu ya juu dukani hakusoma, na mke mwenza wakati huo yuko kweli, kapangiwa nyumba Mtwapa, na yeye shoga yangu habari hizo kazipata kwa watu. Alicheka siku ile mpaka akalia. Leso alizivaa lakini, alisema leso haina kosa.

Siku moja akajitutumua akamwambia bwana, nataka kupika mahamri niuze hapo mlangoni, watoto wapate viatu. Weee! Alisimama katikati ya ukumbi akapaza sauti mpaka mimi kwangu nikasikia dirishani, ati mke wangu mimi auze mahamri barabarani wanaume wamwangalie, watu waseme nimeshindwa? Akaapa. "Ukivuka kizingiti cha mlango ule kwenda njiani bila ruhusa yangu, huna mume." Wasiojua mambo haya niwaambie, hio ni talaka ya sharti, sharti likitimia talaka imepita, na sisi wa pwani wengi wetu tukifuata madhehebu ya Shafi jambo hilo si la mchezo, huwezi kurudi jioni useme pole nilikuwa na hasira. Yeye huyo akaenda zake kunywa kahawa. Mke akabaki na talaka imening'inia mlangoni kama pazia, mtoto akianguka njiani atazama dirishani, hawezi kushuka.

Hapa sasa ndio nataka ndugu yangu wa Kisauni asome polepole.

Hizi nyumba zetu za zamani zilijengwa na watu wa jamaa moja, zimeegemeana, na baina ya yao na yangu kuna wikio, kile kijidaraja cha ghorofani kinachopita juu ya kichochoro. Wazee walikijenga makusudi wanawake watembeleane bila kushuka njiani kuonwa. Cha kwetu kilikuwa kimejaa makopo ya rangi, mbao na baiskeli mbovu ya marehemu babake bwana, miaka hakuna alopita pale. Nikasikia siku hio vitu vinasukumwa, nikafungua mlango wa juu, namuona kasimama na vumbi mpaka kwenye nyusi. Akaniambia, "Shoga, mimi nimekatazwa kizingiti. Ukuta sikukatazwa."

Tukapanga. Jikoni langu, karai langu, gesi nusu kwa nusu, na mtaji ulitoka kwenye zile zile mia mbili, kumi leo kumi kesho, na wao wakila mbaazi bila nazi. Nazi akizikuna mchana kwa sababu ukizikuna kwa mbuzi usiku wa manane mtaa mzima wasikia. Unga aliukanda baada ya isha, tui zito, iliki, sukari na hamira, akaufunika ukaumuka wenyewe wakati bwana yuko barazani anahukumu dunia. Saa kumi za usiku akivuka wikio na tochi ya simu, anasukuma, anakata, mimi nasimama kwenye karai, mbaazi za nazi ziko meko ya pili. Saa kumi na mbili asubuhi ashaoga yuko kwake. Bwana mtu alielala saa saba, adhana ya alfajiri haimuamshi, na hilo nisiliongeze manake ni baina yake na Mola wake.

Shida ilikuwa harufu. Iliki na mafuta ya moto havifichiki. Akawa ajifukiza udi kila alfajiri, nguo, nywele, mpaka mito ya kitanda. Bwana kuamka anamkuta mke ananukia udi, akaenda kujisifu kwa wenziwe ati mke wangu kila alfajiri anajifukiza kwa ajili yangu, nyinyi mnaamshwa na harufu ya vitunguu. Wallahi alisema, kijana wangu alimsikia kwa masikio yake.

Kijana wangu ndio alikuwa muuzaji. Meza ndogo, sinia la mahamri, sufuria la mbaazi, birika la chai, karibu na baraza lile lile. Mtaa mzima ulijua ni mimi nnaepika, na mimi sikukataa wala sikukubali, mtu akisifu nasema alhamdulillah. Na mteja wa kwanza kila asubuhi ni nani? Yeye bwana. Anateremka na kikoi, anakaa na rafiki zake watatu wanne, anaagiza mahamri kumi, ishirini, mbaazi sahani kwa sahani, chai juu yake, "kijana, wape hawa, andika kwangu." Yaani anawacha mia mbili nyumbani ya kulisha watu sita kutwa, na hajafika dukani ashakula na kulisha rafiki zake mia tatu. Pesa alomnyima mkewe juu ya friji ilikuwa inamfikia mkewe kwa wikio, na rafiki zake wamemsaidia kuila. Tena akila anasifu, huyu dada anaepika haya Mungu ampe pepo, mimi mke wangu hata maji yanamuungulia.

Kijana wangu alikuwa akiniletea maneno hayo, na mimi namhadithia mwenyewe huku tunakanda. Siku nyengine hucheka. Siku nyengine hanyanyui uso kwenye unga.

Sasa ndugu yangu, huyo mwizi yuko wapi hapo? Hamri moja alilipa bei ile ile anayolipa mpita njia. Na hata angechukua mfukoni mwake, nani asiejua habari ya Hindi binti Utba, hii watoto wa madrasa wanaijua. Alikwenda kwa Mtume (SAW) akashtaki mumewe Abu Sufyani ni bahili, hanipi cha kunitosha mimi na wanangu isipokuwa nichukue mwenyewe bila yeye kujua. Akaambiwa chukua kinachokutosha wewe na mwanao kwa wema. Hakuambiwa wewe ni mwizi nenda ukavumilie. Lakini hio hadithi barazani haipiti, zinazopita ni za kutii tu.

Pesa zilikaa kwangu. Mimi ndio nilokuwa benki, na sikuchukua riba. M-Pesa ilipoingia 2007 wanawake wengi tulidhani tumepata sanduku letu la siri, kumbe mume akiijua pini yako sanduku liko wazi kuliko lile la bati la nyanya zetu. Simu ya shoga yangu ilikuwa inakaguliwa, kwa hivyo humo hakukuingia hata senti. Chama aliingia kwa jina langu, mchango kila Ijumaa, zamu ikifika nachukua mimi mtaa unaona ni zangu, usiku zinavuka wikio. Watoto walipata viatu. Bwana hata hakuuliza viatu vimetoka wapi, na hilo mimi ndio liliniuma kuliko yote, mwanamume anaekagua meseji za mkewe moja moja haoni mguu wa mwanawe umevaa kiatu kipya.

Ikaja barua ya shule. Binti yao wa pili kaitwa fomu wani shule ya kitaifa, bara huko, msichana ana kichwa mashallah. Mnazijua hizo shule, fii ya mwaka ilikuwa 53,554 ndio ya serikali, bado sare, boksi, godoro, ndoo, na ile orodha ndefu ya vitu nyuma ya barua. Baba kuambiwa akasema mtoto wa kike bodingi ya nini, hapa kuna shule za kutwa anaweza kwenda kwa miguu, na pesa hakuna, biashara mbaya. Hio wiki hio alikuwa amenunua simu mpya. Mke akasema inshallah, basi, hakuongeza neno.

Usiku akaja na kalamu. Tukahesabu pesa za chama, tukahesabu akiba, za muhula wa kwanza na vitu vya orodha zikakaribia lakini hazikufika. Akaniambia nipe daftari la mikopo la kijana. Tukafungua ukurasa wa bwana. Mtu alikuwa miezi hajamaliza deni, anatoa mia mbili leo anakopa mia nne kesho, jumla shilingi 14,300. Akaitazama ile namba kwa muda. Kisha akasema, "Mtoto atakwenda shule kwa tumbo la babake."

Asubuhi yake kijana akamwambia bwana mbele ya rafiki zake, kwa adabu, mzee samahani, mwenye mali amesema hakuna mkopo tena mpaka ulipe la zamani. Nani asiemjua mwanamume alotahayari mbele ya baraza? Akafoka, mwenye mali ni jirani yangu, nipeleke nikazungumze nae mwenyewe, mwanamke hawezi kunizungusha kwa vihamri. Akapandishwa kwangu. Nikampa kahawa, nikamkaribisha kiti. Akaanza kwa upole sasa, dadangu sisi majirani, wewe ni kama ndugu yangu, nivumilie mpaka mwisho wa mwezi. Nikamwambia, ndugu yangu, mimi jikoni tu ndio langu. Mahamri yana mwenyewe, yuko ndani anakusikia. Akageukia pazia la chumbani akanyanyua sauti, "Mamangu nisamehe, sijui u nani, lakini mimi ni mtu wa heshima mjini hapa, uliza mtu yeyote. Mke wangu mwenyewe hajawahi kunidai hata senti."

Pazia likafunguliwa. Akatoka na leso zake zile za Iddi, daftari mkononi, akamuamkia vizuri kama mke anavyomuamkia mumewe. Akasema, "Bwana, ni elfu kumi na nne na mia tatu. Mwisho wa mwezi utachelewa, mtoto aripoti Jumatatu."

Mhariri, kikombe cha kahawa kilimwagika kwenye mkeka wangu na doa halijatoka mpaka sasa.

Alivyopata sauti kitu cha kwanza hakuuliza umepikaje, umechokaje, hizi pesa za nini. Alisema, "Umetoka! Umevuka kizingiti! Talaka imepita!" Akashuka ngazi mbio akaenda kumleta sheikh wa msikitini ashuhudie kwamba yeye hana mke. Mimi moyo ulinipiga, yeye shoga yangu alikaa chini akaanza kupanga daftari.

Sheikh ni mzee, mtaratibu, hapendi kelele. Akasikiliza wote. Akauliza, uliapa vipi, sema kwa maneno yale yale. Bwana akasema. Sheikh akamgeukia mke, ulivuka kizingiti cha mlango ule? Hapana sheikh, tangu siku ile sijakigusa. Njiani ulishuka? Sijashuka. Sheikh akapelekwa juu akaonyeshwa wikio, akalikanyaga kwa fimbo yake, akarudi. Akamuuliza bwana, ulipoapa nia yako ilikuwa nini? Akasema nia yangu ilikuwa mke wangu asionwe na wanaume. Sheikh akauliza, kuna mwanamume alomuona muda wote huo? Bwana kimya. Sheikh akasema, "Hata wewe mumewe hukumuona."

Talaka haijapita, akasema, na kiapo hiki usikiwache kinaning'inia, mpe ruhusa ya moja kwa moja mbele yetu hapa, atoke wakati wowote kwa haja zake, umalize. Akaitoa, kwa shingo upande lakini akaitoa, na tulikuwa mashahidi wa kutosha. Halafu sheikh akafanya jambo ambalo mimi sikulitarajia, aliomba daftari. Akapitisha kidole ukurasa mzima. Akasema hili ni deni la biashara, ulikula utalipa. Lakini liko deni jengine halikuandikwa. Masurufu ya mke katika madhehebu yetu hayafi kwa kutolewa kidogo, kile ulichompunguzia kinabaki shingoni mwako, na huyu akitaka anaweza kwenda kwa Kadhi kesho asubuhi. Hapo ndio nilimuona bwana anakaa chini.

Na ni kweli, ukipita pale mahakama ya Kadhi siku ya kazi utaona wenyewe waliokaa kwenye viti ni akina nani, wengi ni wanawake na mikoba yao ya karatasi. Wanaume wengi hudhani Kadhi ni wao, wanashangaa wakifika. Mpwa wangu ni karani kwa wakili, nikamtuma aniulizie mambo mengine nisije nikaandika uongo. Akaniambia Katiba ya 2010 kifungu cha 45 yasema mume na mke wana haki sawa wakati wa kuoana, wakiwa ndani ya ndoa na wakiachana. Sheria ya Mali ya Ndoa ya 2013 nayo haihesabu pesa peke yake kuwa ni mchango, yahesabu kazi za nyumba, kulea watoto, kusimamia biashara ya familia, ingawa sisi Waislamu tunaweza kufuata sheria yetu katika hayo. Lakini nyinyi wanawake mnaosema nusu ni yangu mkilala mkiamka, ngojeni, Mahakama ya Juu Januari 2023 ilisema nusu kwa nusu si lazima, kila mtu atapewa kwa mchango alouonyesha. Alouonyesha! Sasa utaonyesha nini kama miaka yote ulikuwa unapika tu na kunyamaza? Mimi ndio maana nasema daftari. Andika. Unga kiasi gani, fii nani alolipa, friji nani alonunua, risiti weka kwa mamako. Wasichana wetu wakiolewa tunawaitia somo awafunze kukanda mwili, kujifukiza, kumpokea mume, mambo mazuri sikatai, na mimi mwenyewe nimefunzwa. Basi huyo somo siku ya mwisho aje na daftari na kalamu.

Na nyinyi mnaosoma mkadhani hiki ni kisa cha kuchekesha tu, kuna jambo lazima niliseme. Ujanja huu ulifaa kwa sababu bwana huyu ni wa mdomo, hapigi. Kama wako anapiga usinifuate mimi na mahamri yangu, toka. Namba ya simu 1195, ya kusaidia walodhulumiwa, ni ya bure, dawati la jinsia liko polisi, na hospitali kubwa ya Makadara kuna kitengo cha watu walopigwa na kudhalilishwa. Na hata kunyimwa pesa kwenyewe kwa makusudi, sheria ya 2015 ya dhulma za nyumbani yakuhesabu kuwa ni dhulma, si "mambo yenu ya ndani". Wikio si kila nyumba lipo.

Ndugu wa Kisauni aliandika kwamba siri ikiingia ndani ya ndoa baraka hutoka. Nakubaliana nae mia kwa mia. Siri ya nyumba ya Mtwapa ilikuwa ya nani? Pesa ya duka ni ngapi, mke alijua? Kuna wanaume hapa mjini mke hajui mshahara wake, anausikia siku ya matanga kwa watu wa ofisini. Lakini siri ya mume yaitwa mipango, ya mke yaitwa wizi. Nitajie mke mmoja anaeulizwa kwa uzuri, anaepewa kwa uzuri, anaeambiwa leo biashara ilikuwa hivi na hivi, halafu akawa anavuka daraja saa kumi za usiku na tochi. Nani ana nguvu hizo? Kulala ni kutamu.

Bwana mwenyewe msidhani amekuwa malaika. Alinuna, akahamia Mtwapa kwa muda, huko nako naskia mke mdogo alimuuliza je, mimi wanipa kiasi gani na yule kiasi gani, kwa hivyo akarudi. Mtoto aliripoti Jumatatu ile ile, pesa zilopungua tulikopa kwa chama. Masurufu sasa yanaingia kila Jumatatu kwa simu ya mke, kiasi alichokisimamia sheikh, na simu haikaguliwi tena, au kama yakaguliwa basi ni yeye mke anaeonyesha ile meseji ya pesa ilipochelewa. Salamu bado ni za shida, mtu hafunzwi ukubwani. Ila siku moja juzi nimemskia dirishani anauliza, "umeshindaje?", na ndani kukawa kimya, nadhani mke alikuwa anaangalia nyuma yake kuona ni nani anaeulizwa.

Mahamri bado yanapikwa kwangu kwa sababu jikoni langu lina hewa, lakini mezani sasa anakaa mwenyewe, na buibui lake, kijana wangu amepata tuktuki. Baraza limehamia upande wa pili wa njia, wanaagiza kwa kutuma mtoto.

Barua hii nimemsomea yote kabla sijaituma. Akaniambia nimewacha jambo moja, niliandike mjini pajulikane. Katika ile 14,300 bwana alilipa elfu kumi, zimebaki 4,300 mpaka leo, na alipotaka zikatwe kwenye masurufu ya Jumatatu alimkatalia, akamwambia hilo ni la biashara, lisichanganywe na la nyumba.

Jina langu msilitoe.

Mama wa Mji wa Kale,
Mombasa